Maili Arobaini Kutoka Voi

Asiyekubali kushindwa si mshindani: ndivyo wasemavyo wale wanaopenda kuwashinda wenzao bila kelele. Wakesho binti Obadiah aliigeuza methali hiyo kichwa chini miguu juu tangu akiwa darasa la tano kule Mwanda. Anayekubali kushindwa upesi, alisema, huyo ndiye hakuwa mshindani hata kidogo. Huyo alikuja kusindikiza.

Na Jumanne hiyo ya mwaka wa 1957 hakuwa amekuja kusindikiza mtu. Alisimama kwenye veranda ya mahakama ya Voi amevaa gauni lake la kanisani, lile la samawati, na kwapani amebana bahasha yenye karatasi tatu alizoziandika kwa mkono wake mwenyewe. Upepo ulileta vumbi jekundu mpaka mlangoni. Babake alisimama pembeni, kofia yake ya reli mkononi.

"Bado hujachelewa," Mzee Obadiah alimwambia kwa sauti ya chini. "Mtu anaweza kuingia mle ndani akasema, Bwana Hakimu, nimefikiri upya."

"Nimefikiri upya, baba. Mara tatu. Kila mara nafika palepale."

Mji mzima uliijua kesi hiyo. Bodi ya Makarani wa Mazao ilikuwa imetangaza kazi moja: karani wa kupokea mboga na matunda yanayoshuka kutoka milimani, ayapime, ayaandike, na kuyapakia kwenye gari la moshi kabla hayajaoza. Watu kumi na tisa walifanya mtihani. Wa kwanza akatoka Musyimi, mwana wa Mama Katunge, mjane muuza mahindi, kwa alama sabini na nane. Wa pili akatoka Wakesho, kwa sabini na nne. Ushindi wote ulikuwa ndani ya swali moja, la saba, lenye alama kumi. Musyimi alipata zote. Wakesho alipata sifuri, imezungushiwa wino mwekundu kama jicho la mlevi.

Watu wangempa pole na mambo yakaisha. Lakini Wakesho hakutaka pole. Alitaka alama zake, na akaishitaki Bodi. Na hilo lisingewasha moto mkubwa hivyo kama Musyimi asingekuwa mchumba wake.

Naam, mchumba wake. Wiki mbili kabla ya majibu kutoka, Katunge na wazee wa ukoo wake walileta kwa Obadiah mbuzi watatu wa ntheo, wale ambao Mkamba akishawapeleka nao wakapokewa, msichana huhesabiwa kuwa ana kwao kwingine. Hadi leo mbuzi hao walikuwa wamefungwa nyuma ya nyumba ya reli, wakinenepa kwa maganda ya viazi na kwa majani ya mpapai wa stesheni masta, ambaye hakuwa ameombwa ruhusa.

"Yule anakuja," Obadiah alisema, akageuza uso kama mtu aliyekumbuka kuwa ana jambo la kuangalia upande mwingine wa jengo.

Musyimi alikuja anatembea polepole, shati jeupe limefungwa vifungo mpaka kooni. Alikuwa mrefu, mweusi wa kung'aa, mwenye nyusi nzito zilizomfanya aonekane amekasirika hata anapocheka. Siku kumi na moja walikuwa hawajasemezana. Wakesho alikuwa ameapa kutomtazama. Akamtazama. Akaona kwamba amejikata kidogo kidevuni aliponyoa, na vidole vyake vikatamani kuligusa jeraha lile, akavikunja vikali ndani ya kiganja.

"Umeamkaje?" Musyimi aliuliza.

"Nimeamka."

"Unaniogopa?"

"Nikuogope una nini? Pembe?"

Akatabasamu, na tabasamu lile likamchoma Wakesho vibaya zaidi kuliko matusi. "Mama hajala tangu jana," akasema. "Anasema mkwe wake amemla yeye."

"Musyimi, sikiliza. Ukitaka niiondoe kesi hii, sema sasa. Sema hapa hapa."

"Nikisema, utaiondoa?"

"La."

"Basi mbona unaniuliza?"

"Nataka kujua kama ungesema."

Musyimi alimwangalia muda mrefu. Hata karani wa mahakama, aliyetoka kuita watu, alisita kidogo mlangoni kama aliyefungua chumba kisicho chake.

"Nimeitwa shahidi," Musyimi alisema hatimaye. "Shahidi wa Bodi. Bwana Phineas, katibu wao, ananitaka niseme kuwa swali lilieleweka."

Wakesho akaibana bahasha zaidi. "Na utasema nini?"

"Inategemea nitakaloulizwa."

Wakaitwa ndani.

Hakimu alikuwa Mzungu mzee aliyekuja kutoka Mombasa mara moja kwa mwezi, mwenye Kiswahili kilichonyooka kuliko mgongo wake. Aliisoma bahasha ya Wakesho kimya, midomo ikicheza. Madirishani watu walibanana. Nyuma kabisa aliketi Mama Katunge, leso kichwani, mikono imefungwa kifuani kama mtu anayelinda duka.

"Mwezi uliopita," hakimu alisema, "niliamua kesi ya punda. Leo naletewa treni. Haya, katibu wa Bodi, tusomee hilo swali."

Bwana Phineas alisimama. Suti yake ya kahawia ilikuwa nzito kwa joto la Voi, lakini aliivaa kwa heshima ya Bodi. Akasoma kwa sauti ya mtu asomaye tangazo la kifo: "Swali la saba. Kutoka Voi hadi Taveta ni maili sabini. Treni ya abiria inaondoka Voi ikienda maili ishirini kwa saa. Wakati huohuo treni ya mizigo inaondoka Taveta ikija Voi, maili kumi na tano kwa saa. Hazisimami popote. Je, zitapishana maili ngapi kutoka Voi?"

"Na jibu?"

"Maili arobaini, Bwana Hakimu. Ni hesabu ya kawaida. Mwana wa Katunge ameipata. Binti Obadiah ameandika hadithi."

Watu wakacheka. Wakesho akahisi masikio yake yakiwaka moto.

"Isome hiyo hadithi," hakimu alisema.

Phineas akaisoma shingo upande. "Treni hizi haziwezi kupishana maili arobaini kutoka Voi. Hapo ni porini, mbele ya stesheni ya Maktau, na njia ni moja. Zikikutana hapo zitagongana. Ya mizigo haiwezi kuruhusiwa kuondoka mpaka ijulikane ni stesheni gani mmoja atamsubiri mwenzake."

Kicheko kikafa. Pale madirishani mtu mmoja akasema, "Lakini si ni kweli?" akanyamazishwa.

"Binti," hakimu alimgeukia Wakesho, "huna wakili?"

"Ninao mdomo, Bwana Hakimu."

"Naona. Unataka nini?"

Wakesho alisimama. Sauti haikutetemeka. Alikuwa ameizoesha sauti ile mbele ya watoto wa darasa la pili aliowafundisha kwa miaka miwili. "Nataka kanuni ya tisa ya Bodi yenyewe ifuatwe. Imebandikwa ukutani kwao, nyuma ya mlango, mahali ambapo mlango ukifunguliwa haionekani. Inasema: swali lisilo na jibu la kweli litafutwa, na alama zake hazitahesabiwa kwa mtu yeyote. Sitaki nipewe alama kumi. Nataka zisipewe mtu."

Phineas akafunua vitabu vyake haraka, jasho likimtiririka. Ilionekana wazi kwamba kanuni ya tisa alikuwa akikutana nayo kwa mara ya kwanza. Hata hivyo hakuwa mtu wa kuanguka upesi. "Bwana Hakimu, jibu la kweli lipo! Umbali gawanya kwa mwendo. Ni treni za hesabu hizi. Za karatasi! Hatukumwuliza habari za reli."

"Mlitaja Voi," Wakesho akamkatiza. "Mkataja Taveta. Kama mlitaka treni za karatasi, mngezipa stesheni za karatasi. Karani huyu mnayemtafuta atapakia nyanya za watu wa Mwanda kwenye treni ya kweli. Asipojua kwamba treni moja husubiri nyingine, nyanya zitafika Mombasa zikiwa supu."

Ukumbi ukalipuka. Mama mmoja wa sokoni akapiga kigelegele, hakimu akagonga meza. "Mwite shahidi wako," akamwambia Phineas.

Musyimi akapita mbele. Akaapa. Phineas akamwuliza swali moja, kwa upole wa mtu anayemsaidia mgonjwa kushuka kitandani: "Siku ya mtihani, ulipolisoma swali la saba, ulilielewa?"

"Nililielewa."

"Asante. Nimemaliza." Akaketi, akapangusa paji la uso.

"Binti Obadiah," hakimu akasema, "una la kumwuliza shahidi?"

Wakesho angeweza kusema sina. Angesema sina, labda angeshinda kwa kanuni ya tisa peke yake, labda angeshindwa, lakini Musyimi angerudi kwa mamake akiwa karani na mbuzi wangebaki walipo. Kumwuliza ilikuwa jambo jingine. Akimwuliza na yule akadanganya, atakuwa amempoteza hapa hapa, mbele ya watu. Akimwuliza na yule akasema kweli, atakuwa amemvua shati la ukarani kwa mkono wake mwenyewe.

Akasogea mpaka wakawa hatua tatu tu. Akasikia harufu ya sabuni aliyoogea.

"Bwana Musyimi." Hakuwahi kumwita hivyo maishani. "Umeishi Voi miaka mingapi?"

"Kumi na minne."

"Kutoka mlango wenu hadi kwenye reli ni hatua ngapi?"

"Sitini." Akafikiri. "Nikiwa nawahi kuona mtu fulani stesheni, arobaini."

Watu wakaangua kicheko. Wakesho alikaza uso, lakini damu ilimpanda mashavuni na kila mtu aliiona.

"Katika miaka hiyo kumi na minne, umewahi kuona au kusikia treni mbili zimepishana nje ya stesheni?"

Musyimi alitazama nyuma, alipoketi mamake. Katunge alikuwa ameinama mbele, macho yamemkazia mwanawe, akitikisa kichwa kidogo, kidogo sana. Halafu Musyimi akamrudia Wakesho, na macho yao yakafungana.

"Sijawahi," akasema.

"Kwa nini?"

"Kwa sababu njia ni moja."

"Ulilijua hilo siku ya mtihani?"

"Nililijua."

Siku kumi na moja Wakesho alikuwa amelibeba swali hili kama kaa la moto kwenye ulimi. "Basi mbona uliandika arobaini?"

Musyimi akavuta pumzi, akaitoa. Kisha akasema, taratibu, kila mtu asikie: "Kwa sababu nilijua aliyetunga swali hajui."

Hata hakimu alicheka. Aliweka leso mdomoni lakini mabega yalimsaliti. Phineas alisimama, akaketi, akasimama tena. Hapo katikati ya vurugu Wakesho hakucheka. Alikuwa anamwangalia mwanamume aliyejikata kidevu, aliyetoka sasa hivi kuitupa kazi yake mwenyewe mbele ya mama yake, na kitu ndani ya kifua chake kilikuwa kikiimba na kulia kwa pamoja.

"Ulikuwa na kazi mkononi," alimnong'oneza, akisahau mahakama.

"Uliniuliza," Musyimi akamjibu kwa mnong'ono vilevile. "Wewe ukiniuliza, mimi huwa nashindwa kukudanganya. Hayo ndiyo maradhi yangu."

"Kama mnataka kuongea," hakimu akasema, "veranda ipo."

Hukumu haikuchukua muda. Swali la saba lilifutwa. Phineas aliamriwa ajumlishe upya pale pale, kwa sauti, mbele ya watu wote. Akajumlisha mara mbili, kana kwamba mara ya pili tarakimu zingemwonea huruma. Musyimi: sitini na nane. Wakesho: sabini na nne. Kazi ni yake kuanzia Jumatatu.

Kule nje wanawake wa sokoni walimbeba juujuu. Mtu alimvisha shada la majani ya mkunde, mwingine akamwita karani wetu, na babake akasimama kando akifuta macho kwa kofia ya reli. Wakesho alicheka mpaka mbavu zikamuuma. Lakini kila alipogeuka alitafuta shati jeupe, na shati jeupe halikuwepo.

Alipofika nyumbani ndipo alipoliona.

Nyuma ya nyumba ya reli Mama Katunge alikuwa amesimama mikono kiunoni. Mbele yake, amechuchumaa, Musyimi alikuwa akifungua kamba ya mbuzi wa kwanza.

"Hodi hata hamkupiga, mama?" Wakesho aliuliza. Furaha yote ilimshuka miguuni.

"Hodi ya nini? Mtu huwa anapiga hodi akija kuchukua mali yake?" Katunge alimgeukia. Alikuwa mfupi, mnene, na alipokasirika alionekana kama ameongezeka kimo. "Mimi nilimwambia huyu kijana. Nilimwambia, Taita kuna wasichana wengi wapole, tafuta mmoja hapo Rukanga anayejua kulima. Yeye akaniambia, mwaitu, mama yangu, nataka yule wa stesheni aliyemfokea gadi wa treni. Nikasema sawa. Nikaleta mbuzi. Mbuzi tatu nzuri! Na leo huyo wa stesheni amemvua mtoto wangu nguo mbele ya watu!"

"Sikumvua nguo, mama. Nilimwuliza, akajibu."

"Mke hamuulizi mume hivyo!"

"Bado hajawa mume wangu."

"Na hatakuwa! Mwanamke wa kalamu, atampikia nini mwanangu? Wino? Fungua hiyo ya pili, Musyimi."

Musyimi akamsogelea mbuzi wa pili. Wakesho aliangalia vidole vyake virefu vikilegeza fundo, fundo lilelile alilolifunga mwenyewe siku ile wazee walipokuja, siku aliyomkonyeza juu ya mgongo wa mbuzi hadi Wakesho akamwaga chai. Akahisi kwamba fundo lile limo ndani yake, na linafunguliwa.

Obadiah alikuja mbio, akihema. "Mama Musyimi, tafadhali. Ketini kwanza. Chai iko jikoni."

"Chai yako nimekunywa ya kutosha, Mzee Obadiah. Mimi nataka kitu kimoja tu." Katunge aliinua kidole kimoja. "Huyu binti aniombe radhi. Mimi, na mtoto wangu, na wale wa Bodi. Kesho aende kwa Bwana Phineas aseme nilikosa, mpeni Musyimi kazi. Hapo mbuzi zitabaki."

Obadiah alimgeukia binti yake. Uso wake ulikuwa umekunjamana kwa huruma. Alikuwa mshika bendera wa reli miaka ishirini na miwili, na katika miaka yote hiyo hakuwahi kubishana na mtu mwenye ofisi.

"Mwanangu," akasema kwa upole. "Ni neno moja tu. Neno halivunji mfupa. Mimi nimekufundisha mambo ya njia moja tangu ukiwa mdogo. Njia ikiwa moja, mmoja husubiri mwenzake. Haina aibu."

"Kweli, baba." Machozi yalikuwa yamemjaa, akayaacha. "Lakini ulinifundisha na hili. Treni inayosubiri stesheni haiombi radhi. Na ile inayopita haiombi radhi. Zinapigiana filimbi tu, kila moja inakwenda zake."

Ilikuwa kweli mzee alimfundisha. Alimfundisha akiwa amembeba mabegani, kando ya reli, na mtoto akipiga filimbi kwa mdomo mpaka stesheni ya Bura.

"Unaona?" Katunge akapiga makofi. "Unaona maneno hayo? Musyimi! Hiyo ya tatu!"

Musyimi alimfikia mbuzi wa tatu, yule mweupe mwenye doa jeusi mgongoni. Akaishika kamba. Halafu akainua kichwa, kwa mara ya kwanza tangu Wakesho afike, akamwangalia. Haikuwa hasira iliyokuwa machoni mwake. Kulikuwa na maumivu, ndiyo, ya mtu aliyelala karani akaamka muuza mahindi. Lakini nyuma ya maumivu kulikuwa na mtazamo uleule wa mahakamani.

"Wakesho. Unajua ilivyonichoma ulipotoka chumba cha mtihani ukaniambia ulivyoandika?"

"Ulikasirika. Ulisema nimejitia ujuaji."

"Niliona aibu. Sote wawili tulijua kweli. Mmoja wetu aliiandika." Aliizungusha kamba kwenye kiganja. "Siku kumi na moja nimekuwa nikiamka na sabini na nane zangu, na hazinishibishi."

"Musyimi, usinilize mbele ya mbuzi."

Akacheka, kicheko kifupi kilichotoka puani. Kisha, bila kusimama, akaivuta kamba ya mbuzi mweupe akaikaza. Akafunga fundo. Akamrudia wa pili, aliyekuwa ameshaanza kuutazama mpapai, akamfunga. Akamkamata wa kwanza kwa pembe, akamrudisha, akamfunga naye.

"Wewe!" Katunge alipiga kelele. "Unafanya nini? Hata hajaomba radhi!"

"Nimefunga kabla hajajibu, mwaitu." Musyimi alisimama, akajipangusa magoti. "Ili atakalojibu liwe lake. Asije akasema neno kwa kuogopa mbuzi."

"Na akikataa?"

"Akikataa, mbuzi wamefungwa. Akikubali, mbuzi wamefungwa. Mimi nitapima mahindi na wewe dukani, na Jumatatu nitamletea karani gunia la kwanza alipime. Akikosea ratili moja, nitamshitaki."

Wakesho alicheka huku analia, akafuta pua kwa nyuma ya mkono kama mtoto. Alitaka kumkimbilia. Alitaka kuweka kidole kwenye kidevu kile kilichojeruhiwa na kukiacha hapo mpaka kipone. Lakini walikuwepo wazazi, na siku zingekuwepo.

Katunge hakucheka. Alimtazama mwanawe, akamtazama Obadiah, kisha macho yake yakatua kwa Wakesho na kutulia hapo. Sauti yake sasa ilikuwa ya chini, na kwa sababu ilikuwa ya chini ilikuwa nzito zaidi. "Sawa. Mtoto wangu amefunga. Mimi ni mjane, mimi sina nguvu ya kufungua. Lakini mimi ndiye nitakula na wewe, msichana, mimi ndiye nitazeeka mbele yako. Mtoto wangu amekusamehe bila kuombwa. Mimi bado. Nauliza mimi sasa, kwa mdomo wangu. Utaniomba radhi, au hutaniomba?"

Obadiah aliishika kofia yake kwa mikono miwili. Kule stesheni gari la moshi la Taveta lilipiga filimbi, likasubiri njia.

Wakesho alipiga hatua, akapiga magoti mbele ya mama yule kama binti anavyompigia magoti mkwewe, gauni la samawati likaingia vumbini. Akaishika mikono yote miwili ya Katunge, migumu kwa miaka ya kupakua magunia.

"Mama," akasema. "Nitakuchotea maji kabla sijaenda kazini na nikirudi. Nitakulimia. Ukiugua nitakuogesha, na ukinigombeza nitanyamaza, nikiweza. Mtoto wako nampenda, na leo nampenda kuliko asubuhi. Nitakuita mama mpaka tuzikane."

Kidevu cha Katunge kikaanza kutetemeka.

"Lakini treni hazipishani porini, mama, na mimi sikukosea. Radhi siombi. Si leo, si kesho, si kwa Bodi wala si kwako. Siombi."